Unaanza kupanda miti ya matunda? Anza na mizizi

Anayeanza kupanda miti ya matunda huuliza kwanza mbolea gani atie na dawa gani apulize. Maswali hayo yana wakati wake. Kwa niliyoyaona shambani, miti mingi inayodumaa au kufa ikiwa bado michanga huharibikia chini ya ardhi, na kasoro yenyewe mara nyingi ilikuwapo tangu siku ya kupanda. Kwa hiyo nguvu zako za mwanzo zielekeze kwenye mche, shimo na maji.

Mwembe uliooteshwa kwa kokwa huweza kukaa miaka 6 au zaidi kabla ya kuzaa, na mparachichi vivyo hivyo. Tena parachichi la mti wa kokwa halitabiriki, huenda lisifanane kabisa na lile ulilolipenda. Mche uliobebeshwa, yaani tawi la mti mzuri limeunganishwa juu ya shina la mche mwingine, huanza kuzaa baada ya miaka 3 hadi 4, ndiyo maana nakushauri utafute huo. Ukifika kitaluni usidanganywe na urefu. Mche mrefu kwenye kiriba kidogo, yaani mfuko wa kuoteshea, kwa kawaida ni mche uliochelewa kupandwa. Nunua mmoja, uchane kiriba palepale utazame. Mizizi mizuri imetawanyika kila upande na ncha zake ni nyeupe. Ukikuta mzizi mkuu umejikunja chini na kujizungusha, usichukue mingine ya kundi hilo. Mzunguko ule haujinyooshi ukishafukiwa. Unanenepa, mizizi inakabana yenyewe kwa yenyewe, na mti unakuja kuyumba wakati umeshakuwa mkubwa. Angalia pia pale ulipobebeshewa: kovu liwe limefunga vizuri na utepe wa nailoni uwe umeondolewa, maana ukisahauliwa hukaba shina jinsi linavyonenepa.

Sasa shimo. Sentimita 60 kwa 60, kwenda chini 60, linatosha kwa miti mingi. Udongo wa juu weka upande mmoja, wa chini upande mwingine, kisha uchanganye ule wa juu na samadi iliyooza sawasawa. Samadi mbichi huunguza mizizi michanga. Lakini kabla ya kurudishia udongo, jaza shimo maji, yaache yanywee, ujaze tena. Kama asubuhi ya pili bado yametuama, hapo si mahali pa mparachichi.

Nasisitiza mparachichi kwa sababu huo ndio unaoadhibu haraka. Mizizi yake mingi iko juujuu na inahitaji hewa. Penye maji yaliyotuama, kimelea cha udongoni kiitwacho Phytophthora huozesha mizizi ile myembamba inayonyonya maji. Majani hupauka, huwa madogo, kisha mti hunyauka ilhali udongo umelowa. Mwenye shamba akiona umenyauka anaongeza maji, na hapo ndipo anaumaliza. Kwa hiyo kabla ya kumwagilia mti ulionyauka, chimbua kidogo kwa kidole pembeni mwa shina. Ukikuta unyevu, acha. Kama huna eneo jingine, inua tuta pana kisha panda mti juu yake. Mpapai nao hauvumilii maji ya kutuama hata kidogo. Mwembe na mpera ni wastahimilivu zaidi.

Panda mvua zinapoanza, jioni jua likishapoa. Ondoa kiriba chote, usiache hata kipande. Mche ukae kwenye usawa uleule uliokuwa nao kitaluni, na kovu la kubebeshea libaki juu ya udongo kabisa. Machipukizi yanayotoka chini ya kovu yavunje kila unapoyaona, kwani hayo ni ya mti wa chini na yana pupa ya kulipita tawi ulilolinunua. Matandazo, yaani nyasi au majani makavu ya kufunika udongo, weka mengi, ila yasiguse shina.

Nafasi watu huibania sana. Mwembe mkubwa unahitaji kama mita 10, mparachichi 7 au 8, mchungwa 5 hadi 6. Shamba litaonekana tupu mwanzoni. Panda kunde au maharage katikati, usiongeze miti.

Maua yakitoka kwenye mche uliobebeshwa ungali mchanga, yaondoe. Najua inauma, ila mti unaolea matunda kabla ya kujenga matawi hubaki dhaifu. Mwembe uliokomaa usiumwagilie kipindi unachokaribia kutoa maua, kwani ukavu kidogo unausaidia kuchanua badala ya kutoa majani tu. Mvua ikinyesha wakati wa maua, tarajia chule, ugonjwa unaoyageuza kuwa meusi na kuyapukutisha. Na matunda yanayoanguka chini yaokote kila siku uyafukie angalau nusu mita, maana ndani yake mna mabuu ya inzi wa matunda.

Mpapai una taratibu zake. Mbegu zioshe mpaka ule utando wa utelezi utoke, ndipo uoteshe, kisha panda miche mitatu kila shimo, maana huwezi kuujua dume kwa kuangalia majani. Subiri maua. Ya dume hutoka kwenye vikonyo virefu vinavyoning'inia, ya jike hukaa karibu na shina yakiwa na kitumba kinene chini. Kwenye kila shimo bakiza mmoja wenye afya unaozaa, na shambani uache madume machache, kama mmoja kwa kila majike kumi au zaidi, kwa ajili ya uchavushaji. Kama miche yako ni ya aina yenye maua ya jinsia zote mbili, madume hayahitajiki.