Maswali ya Wasomaji: Tarehe na Mahali Kwenye Picha Vinathibitisha Nini?

SWALI: Ninasimamia kazi za ujenzi, na kila hatua naipiga picha kwa programu ya simu inayoandika tarehe, saa na viwianishi vya GPS kwenye pembe ya picha. Hivi karibuni mwenye mradi alizikataa picha za nondo za msingi ambao umekwisha kumwagiwa zege, akisema kwamba maandishi yale mtu yeyote anaweza kujiandikia. Je, ana haki? Nifanye nini ili kumbukumbu zangu zikubalike?

JIBU: Kuhusu maandishi ya pembeni, ana haki. Maandishi hayo yamechorwa juu ya picha, na programu yoyote ya kuhariri inaweza kuyafuta na kuyachora upya yakiwa na tarehe nyingine. Zipo hata programu za kuweka chapa zinazomruhusu mtumiaji kujichagulia mahali. Yanamrahisishia kazi anayesoma ripoti, hasa iliyochapishwa kwenye karatasi, lakini uzito wake kama uthibitisho ni mdogo. Hata hivyo, kuzikataa picha zenyewe kwa sababu hiyo pekee ni kwenda mbali mno, kwa kuwa taarifa zenye uzito zaidi zimo ndani ya faili.

Kamera za simu huhifadhi picha kwa kufuata kiwango kiitwacho Exif, kilichotolewa Japani mwaka 1995. Kiwango hicho hutenga nafasi ndani ya faili kwa ajili ya tarehe na saa, aina ya kamera na, ikiwa umeruhusu huduma ya mahali, latitudo na longitudo, na mara nyingine hata upande ambao lenzi ilielekea. Jambo ambalo wengi hawalijui ni kwamba humo mara nyingi mna saa mbili. Ya kwanza ni saa ya simu, inayofuata majira ya eneo ulipo. Ya pili hutokana na setelaiti za GPS na huandikwa kwa saa ya dunia, yaani UTC. Mahali ambapo majira yametangulia UTC kwa saa tatu, picha yenye 09:22 kwa saa ya simu inapaswa kuwa na takriban 06:22 kwa saa ya setelaiti. Mtu aliyerudisha nyuma saa ya simu ili picha ya leo ionekane ya juzi mara nyingi hufichuliwa na tofauti hiyo, ambayo hakuikumbuka alipokuwa akibadilisha mipangilio.

Lakini taarifa hizo nazo zinaweza kubadilishwa na mwenye ujuzi kidogo, kwa programu za bure, na simu za Android zinaruhusu hata kuigiza mahali kupitia chaguo za wasanidi programu. Kwa hiyo ukimjibu mwenye mradi kwamba Exif imesema, hujamaliza hoja. Kinachotakiwa ni kuonyesha mambo mawili tofauti: kwamba picha haikupigwa baada ya siku fulani, na kwamba haikupigwa kabla ya siku fulani. Watu wengi huyachanganya, ilhali kila moja lina njia yake.

La kwanza ni jepesi. Siku ile ile unapopiga picha, faili halisi lipitishe kwenye programu ya kukokotoa heshi ya SHA-256. Programu hiyo hulisoma faili zima na kutoa mfuatano wa herufi na tarakimu 64, ambao ndio heshi yenyewe. Ukigusa chochote ndani ya faili, hata nukta moja ya rangi, mfuatano mwingine kabisa hutokea. Mtumie mwenye mradi mfuatano huo kwa barua pepe jioni hiyo hiyo. Baada ya miezi, faili likitoa mfuatano ule ule, atakuwa na ushahidi ndani ya sanduku lake mwenyewe kwamba picha ilikuwapo siku hiyo na haijaguswa tangu hapo. Wanaohitaji uthibitisho wa kiwango cha juu zaidi hutumia mamlaka za kuthibitisha muda, ambazo hutia saini ya kidijitali juu ya heshi pamoja na saa.

La pili, kwamba picha si ya zamani, halithibitishwi na heshi hata kidogo, kwani picha ya mwaka jana inaweza kukokotolewa heshi leo. Hapa ndipo yaliyomo kwenye picha yanapofanya kazi. Anza na picha pana inayoonyesha mtaro wote pamoja na kitu kisichohama, kama ukuta wa jirani au nguzo ya umeme. Kisha sogea, upige nondo zikiwa na futi ya kupimia iliyolazwa juu yake kiasi cha kusomeka nafasi kati ya nondo na nondo. Na katika mojawapo iingize hati ya kupokelea mzigo wa siku hiyo, yenye namba na saini. Hati hiyo haikuwapo kabla ya mzigo kufika, basi na picha haiwezi kuwa ya kabla yake. Picha tano za namna hii, zilizofuatana kwa dakika chache, nathubutu kusema zina nguvu kuliko mia moja zenye chapa nzuri ya pembeni.

Mfano mkubwa wa utaratibu huu ni programu ya eyeWitness, iliyoanzishwa mwaka 2015 kwa juhudi za Chama cha Kimataifa cha Wanasheria. Programu hiyo hukusanya viwianishi vya GPS pamoja na taarifa za minara ya simu na mitandao ya Wi-Fi iliyo karibu, hukokotoa heshi, na picha hupelekwa kutunzwa mahali ambapo mpigaji hawezi kuibadilisha. Mwaka 2018 picha zilizopigwa kwa programu hiyo zilikuwa miongoni mwa ushahidi katika kesi iliyosikilizwa na mahakama ya kijeshi ya Kivu Kusini, katika Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo, ambako makamanda wawili wa wanamgambo walitiwa hatiani. Msingi wako hauhitaji vyombo vyote hivyo, lakini kanuni ni ile ile: faili halisi litoke mikononi mwa mpigaji mapema, na liwe na vielelezo vingine vinavyokubaliana nalo.

SWALI: Wakaguzi wenzangu hunitumia picha kwa WhatsApp, nami nikizifungua sioni tarehe ya kupigwa wala mahali. Je, simu zao zina kasoro?

JIBU: Simu zao hazina kasoro. Picha ikitumwa kwa njia ya kawaida, WhatsApp huipunguza ukubwa na kuziondoa taarifa za Exif, na tarehe unayoiona kwenye simu yako ni ya kuipokea. Waombe waitume kama hati, siyo kama picha, au waipandishe moja kwa moja kwenye hifadhi ya pamoja ya mtandaoni bila kupunguza ubora. Wasikutumie picha ya skrini kamwe, kwa sababu hilo ni faili jipya lenye saa yake.

SWALI: Picha zangu mbili za shamba zilionyesha kwenye ramani kwamba nilikuwa karibu nusu kilomita kutoka pale niliposimama. Je, niache kuiamini GPS?

JIBU: Usiiache, ila ielewe. Chini ya anga wazi, simu ya kawaida hukosea kwa takriban mita 5. Kando ya majengo marefu au chini ya miti mikubwa kosa huongezeka. Nusu kilomita ni kosa la aina nyingine. Mara nyingi simu imetoka mfukoni, kamera ikafunguliwa na picha ikapigwa kabla setelaiti hazijapatikana, hivyo simu ikaandika mahali pa mwisho ilipopakumbuka au ikakadiria kwa minara. Setelaiti huchukua sekunde 30 kutangaza taarifa kamili za njia yake, na pasipo intaneti ya kuharakisha kazi hiyo simu haina budi kuzisubiri. Fungua ramani kwanza, ungoje duara linalozunguka alama yako lisinyae, ndipo upige.

Kumbuka pia kwamba viwianishi ni vya kamera, si vya kitu kilichopigwa. Ukipiga bwawa ukiwa ng'ambo, ramani itakuonyesha wewe ulipo. Unapovinakili kwenye ripoti, usiiangushe alama ya kutoa ya latitudo za kusini mwa Ikweta, kwani shamba litahamia kizio cha kaskazini. Na kwenye daftari andika saa kwa mtindo wa saa 24 kama faili linavyofanya, maana anayesoma "saa 3:20" karibu na picha yenye 09:20 anaweza kudhani ameona mgongano usiokuwapo.

SWALI: Ninakusanya kumbukumbu za watu waliofanyiwa ukatili majumbani. Je, niache mahali paandikwe kwenye picha?

JIBU: Kwenye faili halisi, ndiyo, mradi limefungwa kwa nywila na wanaolifikia wanajulikana. Kwenye nakala yoyote inayotoka nje, hapana. Mwezi Desemba 2012 gazeti moja la mtandaoni lilichapisha picha ya John McAfee, mwasisi wa kampuni ya programu za kuzuia virusi vya kompyuta, aliyekuwa akitafutwa na polisi wa Belize, bila kuondoa viwianishi vyake, na wasomaji wakatambua mara moja kwamba alikuwa Guatemala. Aliyekimbia nyumba yenye ukatili anaweza kufuatwa kwa namna hiyo hiyo. Tengeneza nakala, iondolee Exif, uifungue tena kuhakikisha kwamba imeondoka kweli, kisha uitazame picha yenyewe: namba ya nyumba, bango la mtaa au sare ya shule ya mtoto humtaja mtu hata pasipo GPS.