Waanze na mchanga, kisha nyatiti

Dada, umeuliza wanafunzi wa chuo cha sauti unachokibuni kwenye hadithi yako, pale Ngara, Nairobi, waanze na somo gani. Usiwaanzishie hesabu. Mwalimu ashikilie bamba jembamba la chuma katikati, alinyunyizie mchanga mkavu, kisha apitishe upinde wa fidla ukingoni. Mchanga utakimbia panapotetemeka na kujipanga mistari palipotulia, unapendeza ajabu. Mjerumani Ernst Chladni alichapisha majaribio hayo mwaka 1787.

Halafu lete nyatiti, ala ya nyuzi ya Waluo, tafadhali usiiache! Ina nyuzi nane, ngozi iliyowambwa, na mpigaji huvaa pete ya chuma kwenye kidole cha mguu akigonga nayo fremu. Mwanafunzi aiguse ngozi uzi ukipigwa, ahisi ikitetemeka, kisha aubane uzi huo asikie mvumo ukikatika.