Muulize Fundi: Nimchunguze kijana wa dukani?

SWALI: Fundi, habari za kazi. Nina steshenari hapa Nyegezi, Mwanza: kompyuta mbili, printa moja. Mimi nashinda kwenye biashara nyingine, dukani namwacha kijana. Rimu zinakwisha, hela haionekani. Jamaa amenitumia Telegram programu ya bure inayorekodi kila kinachoandikwa na kupiga picha skrini, nami naangalia kwenye simu. Maelekezo yanasema nizime antivairasi kwanza. Niiweke kimyakimya?
Mwenye duka, Nyegezi

JIBU: Usiiweke, ndugu yangu. Mlinzi gani anayetaka mbwa afungwe ndipo aingie?

Nami niliwahi kuwa na steshenari, nikaweka ya namna hiyo, tena ya kununua. Jioni nikafungua faili. Mstari wa kwanza, barua pepe ya binti aliyekuja kuomba mkopo wa chuo. Wa pili, nywila yake, herufi kwa herufi, hadi pale alipokosea akafuta. Chini yake, namba ya NIDA ya mzee mmoja. Na kijana niliyekuwa namwinda? Alitafuta matokeo ya Simba, basi. Niliifuta usiku uleule.

Programu hizo hazijui nani mfanyakazi, nani mteja. Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya 2022 inataka mtu ajue kuwa taarifa zake zinachukuliwa, na za nini. Halafu zinakwenda kukaa kwa nani? Mei 2024 huko Marekani, programu iitwayo pcTattletale ilikutwa kwenye kompyuta za mapokezi ya hoteli, picha za skrini zenye majina ya wageni zikiwa wazi kwa watu wa nje. Mwezi huohuo ikadukuliwa, ikafungwa.

Ofisi yenye kanuni zilizosainiwa na wafanyakazi inaweza kutumia programu ya kusimamia kompyuta kuzuia tovuti fulani au kujua nani kachomeka flashi. Sina ugomvi na hiyo.

Lakini wewe umepotelewa na karatasi, basi iulize printa. Printa nyingi zina ripoti ya jumla ya kurasa zilizochapwa. Itoe asubuhi, itoe jioni, linganisha na daftari la mauzo. Zilizoharibika zitiwe kwenye boksi, zihesabiwe. Na kijana umwambie.

Kwangu daftari na printa vililingana. Karatasi zilikuwa zinakwama kwenye rola iliyochakaa, kijana anazitupa akiogopa kukatwa mshahara.