Kabla hujafungua kopo la rangi, uliza ukuta ni wa nani

Mwaka 2004 serikali ilinifuta kazi bila hata kujua jina langu. Nilikuwa kijana wa kuchora matatu, yaani magari ya abiria, katika gereji moja ya Eastlands, Nairobi, na mambo yalikuwa yameanza kuninyookea. Kisha Februari ikaingia na sheria za Michuki, zilizopewa jina la waziri wa uchukuzi wa wakati huo, John Michuki: mikanda ya usalama, vidhibiti mwendo, sare za dereva na utingo, na mstari wa njano kuzunguka gari. Michoro haikuwa na nafasi tena. Magari yakapanga foleni kuja kupakwa rangi moja, na aliyelipwa kuyapaka alikuwa mimi. Kulikuwa na simba mmoja aliyenila siku nne, manyoya yake nimeyachora moja moja kwa brashi ya namba mbili. Nilimpiga rangi nyeupe mara mbili akapotea, ingawa ukisimama pembeni jua la saa kumi likimulika ulikuwa bado unayaona macho yake.

Sipingi kwamba barabara zilihitaji nidhamu. Mikanda ile imeokoa watu. Ila hakuna aliyetuuliza sisi wa brashi, na sisi wenyewe hatukuwa na chama, hatukuwa na barua, hatukuwa na chochote cha kupeleka mezani kwa mtu. Ilichukua hadi mwishoni mwa 2014 ndipo Rais Uhuru Kenyatta akasema hadharani kwamba vijana wa kupamba matatu wasisumbuliwe. Miaka kumi! Mimi nilikuwa nimeshahamia kwenye kuta.

Nayaeleza haya kwa sababu vijana wengi huniandikia wakiuliza jinsi ya kuchora kuhusu haki: mauaji mitaani, unyakuzi wa ardhi, maji yasiyofika. Wanataka niwaambie habari za mtindo na rangi. Mimi huwaambia habari za karatasi, na najua wengine hufunga simu wakiwa wamenuna.

Anza na ukuta wenyewe. Mwaka mmoja mimi na wenzangu wawili tulipata ujasiri wa kuchora ukuta wa ghala fulani usiku, mchoro wa kiatu kikubwa kikikanyaga vibanda. Tulikuwa tumefika kwenye kamba za kiatu mlinzi alipotumulika tochi. Usiku ule tulilala kwenye sakafu ya seli, mikono bado ina rangi, mwenzangu akimsomea askari wa zamu Kifungu cha 33 cha Katiba ya 2010, kile kinachotaja uhuru wa ubunifu wa kisanaa kwa jina kabisa. Askari alimsikiliza kwa adabu. Kisha akasema, "Sawa, lakini ukuta si wako."

Alikuwa sahihi, na inaniuma hadi leo kwamba nilihitaji seli kufundishwa hilo. Tulichotishiwa nacho ni kifungu cha 339 cha Kanuni ya Adhabu, uharibifu wa mali kwa makusudi, ambacho kinaweza kukupeleka ndani hadi miaka mitano. Kosa hilo halihusiani na ulichochora. Ungechora Bikira Maria au nembo ya klabu ya Gor Mahia, kosa ni lile lile. Mwenye ghala alikubali kuachana nasi kwa sharti kwamba tupake ukuta wote upya kwa pesa zetu, na tukapaka. Rangi nyeupe tena. Nimepaka nyeupe nyingi sana maishani mwangu.

Wapo wanaochora bila ruhusa wakijua wanachofanya. Mwaka 2012 mwanaharakati Boniface Mwangi na wasanii wenzake walichora katikati ya jiji wanasiasa wenye vichwa vya tumbusi, na mji mzima ulisimama kutazama. Kazi ile siidharau hata kidogo. Ila ukichagua njia hiyo, ichague mchana ukiwa umeshiba na akili imetulia, si usiku kwa sababu rafiki kakuita mwoga. Mweleze mtu wa nyumbani unakokwenda. Andika nambari ya wakili mkononi kwa kalamu ya wino, maana simu ndiyo huchukuliwa kwanza. Na kama una mtoto mchanga, baki nyumbani, wengine watashika ngazi.

Kwa kazi nyingine zote, tafuta mwenye ukuta. Kwa uzoefu wangu, ukuta uliochorwa kwa ridhaa ya mwenyewe hulindwa na mwenyewe. Mama wa kibanda atakemea mtu anayebandika bango juu ya mchoro wako kabla wewe hujajua.

Sasa nije kwenye kidonda changu kikubwa. Shirika moja, silitaji, liliniita nichore ukuta kuhusu uhaba wa maji: foleni ya mitungi ya njano, na mwisho wa foleni bomba likidondosha tone moja. Tulikubaliana kwa mdomo. Wakanilipa vizuri, tena kwa wakati, jambo ambalo si dogo. Mwaka uliofuata nikaiona foleni yangu kwenye kalenda, kwenye fulana, kwenye jalada la ripoti na kwenye bango la kuomba ufadhili. Jina langu halikuwapo popote. Nilikwenda kwa wakili mmoja anayetusaidia wasanii, kifua kimejaa, nikitaka wafikishwe mahakamani kabla ya chakula cha mchana.

Akanitolea Sheria ya Hakimiliki ya Kenya ya 2001 na kunionyesha kifungu cha 31. Ukiagizwa kazi na mtu ambaye si mwajiri wako, hakimiliki huhesabiwa kuwa imehamia kwa aliyekuagiza, isipokuwa kama mmekubaliana vinginevyo. Nilisoma mara tatu. Miaka yote nilidhani kwamba kwa kuwa mkono ni wangu, mchoro ni wangu. Halafu akanipiga la pili: sheria hiyo hiyo inaruhusu kunakili kazi ya sanaa iliyoko mahali ambapo umma unaweza kuiona. Yaani ukuta wa barabarani ni mwepesi kunakiliwa kuliko turubai iliyoko chumbani kwako.

Niliuliza, basi mimi nimebaki na nini? Akasema nimebaki na kifungu cha 32, haki ya kutambuliwa kuwa mimi ndiye niliyechora, na haki ya kupinga kazi yangu ikipotoshwa kwa namna ya kuniharibia jina. Tukaandika barua fupi ya adabu. Jina langu likaingia kwenye kalenda ya mwaka uliofuata, kwa herufi za ukubwa wa chawa. Pesa za ziada sikuziona.

Wahenga walisema mali bila daftari hupotea bila habari, na mimi nilikuwa nautumia msemo huo kumcheka mjomba wangu mwenye duka. Siku hizi sipandi ngazi kabla ya kusaini ukurasa mmoja. Si lazima uwe wa kiwakili. Wangu una sentensi tatu zenye uzito: "Hakimiliki ya mchoro huu inabaki kwa mchoraji. Aliyeagiza anaruhusiwa kutumia picha zake kwa shughuli hizi (zitajwe), kwa muda huu (utajwe). Matumizi mengine yatakubaliwa na kulipiwa kivyake." Juu yake naandika pia ni nani atakayeamua mchoro ukitaka kufutwa, na kwamba nitaarifiwa kabla ya kufutwa ili nije niupige picha. Mashirika makubwa hayakatai karatasi hii mara nyingi kama unavyohofia. Yanayokataa yamekupa habari muhimu bila malipo.

Piga picha za kila hatua: ukuta mtupu, mistari ya chaki, andakoti (rangi ya kwanza ya chini), hadi sahihi. Hakimiliki ya kazi yako huanza pale unapoitengeneza, si lazima uisajili, lakini siku ya mabishano mwenye picha za hatua zote ndiye anayesikilizwa. Usajili kwenye Bodi ya Hakimiliki, KECOBO, ni ushahidi wa ziada, na kwa kazi unayoiona itasafiri mbali, ufanye. Wanaouza turubai wakumbuke pia kwamba marekebisho ya 2019 yalileta haki ya mchoraji kupata sehemu ya bei kazi yake inapouzwa tena kibiashara. Usipoandika umemuuzia nani, hutajua hata pa kuanzia kudai.

Yote hayo ni haki yako wewe mchoraji. Iko nyingine ambayo hatuizungumzii sana, ya yule unayemchora.

Kikundi kimoja cha vijana kiliniomba nimchore kijana wa mtaa wao aliyeuawa kwa risasi, na familia ilikuwa inafuatilia kesi. Hizi ni habari za kawaida mno upande wetu. Kituo cha haki cha mtaa wa Mathare, Nairobi, kilitoa ripoti nzima mwaka 2017 kuhusu mauaji ya namna hiyo mikononi mwa polisi. Nilipewa picha moja ya simu, yenye ukungu, nikachora gridi, nikampandisha ukutani urefu wa mita tatu. Vijana walitaka awe amekunja ngumi, nami nikamkunja. Walitaka pia chini yake iandikwe jina la askari anayedaiwa kumpiga, na neno "muuaji".

Siku ya tatu mama yake alipita akitoka sokoni na kikapu. Alisimama muda mrefu. Nilishuka kwenye ngazi nikamwamkia.

"Fundi," akasema, "huyu umemtoa wapi?"

Nikamwonyesha picha kwenye simu.

"Uso ni wake. Lakini mwanangu hakuwa mtu wa ngumi. Alikuwa anauza maji. Mkono huo ulikuwa na mtungi kila siku ya Mungu, mpaka bega hili likawa chini kuliko hili." Akaligusa bega lake la kulia.

Hakuna aliyekuwa amemuuliza. Tulikuwa tumeomba ruhusa kwa mwenye ukuta, kwa mwenyekiti wa mtaa, kwa wazee wa nyumba kumi, na mama mzazi tukamruka. Niliona haya kuliko usiku wa seli. Vijana walinung'unika kwamba mtungi hauna nguvu kama ngumi, na kama mchoraji nadhani walikosea. Bega lililolegea upande mmoja ni vigumu sana kulichora, na watu wa mtaa walimtambua kwa bega kabla ya uso.

Kuhusu jina la askari, wakili wa familia ndiye aliyetuzuia. Alituambia kwa upole kwamba kila mshtakiwa anahesabiwa hana hatia hadi mahakama iseme vinginevyo, ndivyo kilivyo Kifungu cha 50 cha Katiba, na kwamba ukuta wetu ungempa wakili wa upande wa pili la kuzungumza badala ya ushahidi. Tena mashahidi wanaishi mtaa huo huo. Wanapita hapo kwenda kununua mkate. Nilikuwa tayari kubishana. Nilijua kwamba Februari 2017 Mahakama Kuu ilibatilisha kifungu cha 194 cha Kanuni ya Adhabu, kile kilichofanya kashfa kuwa kosa la jinai. Akatabasamu. Akasema jinai imeondoka, kesi ya madai bado ipo, na isitoshe hapa anayelindwa si mimi, ni kesi ya mama. Tukaandika tarehe tu. Tarehe na mtungi.

Nisikudanganye kwamba karatasi inatosha. Mchora katuni Kibet Bull alitekwa Desemba 2024 baada ya michoro yake ya vivuli vya rais kusambaa mtandaoni, na hakuachiliwa hadi Januari 2025. Alichochora hakikuwa kwenye ukuta wa mtu. Hakuna kifungu cha katiba kinachoweza kukimbia mbele ya gari lisilo na nambari za usajili. Kilichosaidia wakati ule ni watu waliopiga kelele na mawakili waliokimbilia mahakamani kudai waliotekwa waletwe mbele ya jaji. Ndiyo maana nasema ujue nambari ya wakili kabla ya kujua bei ya rangi, na uwe na watu watakaogundua usiporudi jioni.

Juzi kijana mmoja wa Kayole alinipigia akiuliza atoze kiasi gani kwa ukuta wa mita kumi na mbili. Nikamuuliza ukuta ni wa nani. Akasema anadhani ni wa kaunti. Nikamwambia asidhani, akaulize. Jana akanipigia tena: ni wa kanisa, na mzee wa kanisa hana neno, ila anataka kwanza auone mchoro kwenye karatasi na kusiwe na mtu aliyevaa nusu uchi. Nikamwambia akubali, aende na nakala mbili za mkataba, na abebe kalamu yake mwenyewe.