Funga simu yako sasa, usingoje wakubwa wamalize kubishana

Mimi ni fundi simu, Kariakoo, mtaa wa Aggrey. Kauli ninayoisikia kila siku kaunta ni "mimi sina cha kuficha". Mteja anaisema huku akinitajia namba ya siri kwa sauti, foleni nzima inasikia, na mara nyingi ni mwaka aliozaliwa mtoto wake. Ndani ya simu hiyohiyo mna picha za vitambulisho vya NIDA vya wanakikoba wenzake, mkataba wa kiwanja cha Chanika, majibu ya vipimo vya hospitali na ujumbe wa mdogo wake anayepanga kumkimbia mume anayempiga. Cha kuficha kipo, tena kingi, na sehemu kubwa ni cha watu wengine.

Ndiyo maana nakuomba ufuatilie mabishano kuhusu serikali kufungua data zilizosimbwa, yaani zilizofungwa zisisomeke bila ufunguo. Tangu Aprili 2016, ujumbe wa WhatsApp unafungwa kwenye simu yako na kufunguliwa kwenye simu ya unayemwandikia tu. Kampuni yenyewe haiwezi kuusoma. Polisi wa nchi nyingi wanataka wawekewe njia ya kuusoma, na hoja yao ina uzito. Baada ya watu 14 kuuawa San Bernardino, Marekani, Desemba 2015, shirika la upelelezi la huko, FBI, lilikwama kwenye iPhone ya mmoja wa wauaji, likaenda mahakamani ili Apple, kampuni inayotengeneza simu hizo, ilazimishwe kutengeneza programu ya kuifungua. Apple ikagoma. Machi 2016 FBI ikasaidiwa na watu wengine kuifungua. Mwanangu akitekwa leo, nami nitataka simu ya mtekaji ifunguliwe usiku huohuo.

Tatizo ni kwamba njia ikishawekwa, haichagui nani apite. Ugiriki, mwaka 2004 na 2005, watu walichezea mtambo wa kampuni ya simu uliokuwa na uwezo wa kusikiliza kwa ajili ya vyombo vya dola, wakasikiliza simu zaidi ya 100, ya Waziri Mkuu Karamanlis ikiwemo. Mwaka 2024 wadukuzi wanaohusishwa na China walipenya kampuni za simu za Marekani, wakanakili hadi taarifa ambazo vyombo vya dola vilikuwa vimeziomba kwa amri ya mahakama. Desemba mwaka huo maofisa wa Marekani, wa FBI wakiwemo, waliwashauri wananchi watumie mawasiliano yaliyosimbwa. FBI ileile!

Kwetu, ibara ya 16 ya Katiba inalinda faragha ya mawasiliano yako. Lakini kifungu cha 32 cha Sheria ya Makosa ya Mtandao ya 2015 kinampa mkuu wa kituo cha polisi uwezo wa kutoa amri ya kudai data kwa ajili ya upelelezi, bila kupita kwanza kwa hakimu. Maxence Melo wa JamiiForums, jukwaa la majadiliano mtandaoni, alikamatwa Desemba 2016, na mojawapo ya mashtaka yake lilikuwa kuzuia upelelezi kwa kutotoa taarifa za watumiaji. Kwa maoni yangu amri ya namna hiyo ingetoka kwa hakimu, kila mara, kwa maandishi. Ukidaiwa simu, omba kuona amri, andika jina la ofisa na kituo, mpigie wakili. Usibishane wala usifute kitu.

Sasa shika simu yako. Namba ya siri iwe ya tarakimu sita au zaidi, isiyo tarehe ya mtu. Kwenye WhatsApp angalia vifaa vilivyounganishwa. Kompyuta usiyoitambua, itoe. Nimeshakuta simu ambazo mwenza au bosi alikuwa anasoma kila kitu kwa njia hiyo, bila udukuzi wowote.

Halafu lile ambalo karibu kila mteja wangu hajaligusa: nakala ya akiba. Soga zimesimbwa, ila nakala yake kwenye Google Drive haisimbwi kwa namna hiyo mpaka uwashe mwenyewe. Ingia mipangilio, sehemu ya soga, kisha hifadhi ya soga, uwashe usimbaji. Chagua kuweka nenosiri. Ukilisahau na simu ikaibiwa, si mimi wala WhatsApp atakayekurudishia soga hizo, kwa hiyo liandike kwenye karatasi, ulitunze pamoja na hati zako, na umwambie mtu mmoja unayemwamini lilipo.