Maswali ya Wasomaji: Naja wa Greenland

SWALI: Mheshimiwa Mhariri, sisi wapenzi wa filamu za zamani hapa Majengo, Moshi, tumebishana bila kufikia mwafaka. Je, yupo mwanamke wa Greenland aliyeigiza katika filamu za mwanzo za huko, au nafasi zote walipewa Wazungu? – Msomaji, Moshi

JAWABU: Wapo, ndugu msomaji. Mmoja wao, ambaye hatajwi sana, ni Dorthe Reimer, aliyecheza kama Naja katika Qivitoq, filamu ya mwaka 1956 iliyoongozwa na Erik Balling wa Denmark na kupigwa Greenland kwenyewe. Jina la filamu hiyo linatokana na imani ya wenyeji kuhusu mtu anayeikimbia jamii yake na kwenda kuishi peke yake milimani, ambako huogopwa kama mzimu. Hata hivyo, kisa cha mapenzi kinachobeba hadithi ni cha Wadenmark wawili, walioigizwa na Poul Reichhardt na Astrid Villaume, na kwa maoni yangu hapo ndipo wenyeji walipopunjwa. Filamu iliteuliwa kuwania Oscar, ikashindwa na La Strada ya Italia.

Kabla yake, Palos brudefærd ya mwaka 1934, iliyoandikwa na mvumbuzi Knud Rasmussen, iliigizwa na wenyeji wa Greenland ya Mashariki kwa lugha yao, wanawake kwa wanaume. Humo wapinzani wawili wanaomgombea msichana Navarana wanakabiliana kwa kuimbiana nyimbo za kejeli huku ngoma ikipigwa. Rasmussen mwenyewe alifariki Desemba 1933, kabla haijaonyeshwa.