Ndizi Nilizozitupa Pipani

Mhariri, swali lenu la wiki lilikuwa fupi: je, chakula cha ugenini kikipikwa kwa viungo vya nyumbani huwa bado ni chakula kile kile? Jibu langu ni hapana, na mfano wangu ni plátanos al caldero, ndizi tamu za sufuria wanazozipika watu wa Jamhuri ya Dominika. Nimewahi kuandaliwa ndizi za tui na iliki, mwenyeji akaapa kuwa ni za Karibi. Zilikuwa nzuri, ila zilikuwa zile zile za Tanga nilizokula tangu utotoni.

Lakini kabla ya viungo kuna ndizi yenyewe, na hapo ndipo wengi hukosea, mimi nikiwa wa kwanza. Nilipoishi Washington Heights, mtaa wa New York wenye Wadominika wengi, jirani wa mlango uliotazamana na wangu, mama mtu mzima ambaye sote tulimwita doña kwa heshima, alinipa ndizi nne akaniagiza nisiziguse mpaka aje. Zilikuwa mfano wa mzuzu wetu, ndefu na zenye ganda nene. Siku ya tano zilitoka madoa. Siku ya nane zilikuwa nyeusi tii, zimelegea, nami niliyelelewa katika nyumba ambamo ndizi huvundikwa na kutolewa zikiwa za manjano, nikazitupa. Jioni alipobisha hodi, sufuria yake nzito ya alumini ikiwa kwapani, nilimweleza kwa fahari kwamba nimesafisha jiko. Alinitazama kitambo bila kusema neno, akafunua pipa, akazitoa zote nne (nashukuru zilikuwa ndani ya mfuko), akaziosha na kuzichana maganda kwa ncha ya kisu. Ndani zilikuwa na rangi ya chungwa iliyokolea. Alizikaanga nzima nzima katika siagi kidogo, akizigeuza mpaka kila upande ukawa wa kahawia, kisha akatia sukari ya kahawia, kijiti cha mdalasini, karafuu tatu na maji yasiyofika nusu ya ndizi, akafunika na kupunguza moto. Wapo wanaoongeza pombe ya rom. Yeye, akijua dini yangu, hakuitaja. Kila niliponyoosha mkono kufunua, alinigonga vidole kwa mwiko. Baada ya kama nusu saa maji yalikuwa yamegeuka shira ya kunata, kama ile ya kaimati, na ndizi zilikatika kwa kijiko.

Sasa, nikiandika, zile karafuu tatu zinanisumbua. Mkarafuu si mti wa asili wa Karibi, wala mdalasini huu si wa huko, na hata Pemba karafuu ililetwa tu. Miwa ilifikishwa kisiwa cha Wadominika na Columbus mwaka 1493. Ndizi, kwa maandishi ya mwanahistoria Mhispania Fernández de Oviedo, zilipelekwa Santo Domingo, ambao leo ndio mji mkuu wao, mwaka 1516 na mtawa Tomás de Berlanga kutoka visiwa vya Kanari. Ikiwa karibu kila kilichomo sufuriani kilishuka merikebuni, mimi ninalizuia tui la nazi kwa haki gani? Tena yule mama aliwahi kuniambia kwamba huko Samaná, pwani ya nchi yao, hata samaki hupikwa kwa nazi.

Basi tieni tui, na jina libaki lile lile, ingawa mbele yake nisingethubutu kulitamka. Liwe tui zito, litiwe mwishoni shira ikishakaza, moto ukiwa mdogo, la sivyo litakatika. Iliki siitaki humo kwa sababu humeza mdalasini, lakini huenda huo ni ukaidi wangu tu. Ndizi ya manjano ndiyo nisiyoikubali, hata ikipikwa Santo Domingo kwenyewe: wanga wake haujageuka sukari vya kutosha, hivyo katikati hubaki ngumu huku shira ikiungua. Hapa Tanga muuza mzuzu wangu huniwekea zile nyeusi zilizokataliwa na wateja wengine, na hunipunguzia bei kwa kunihurumia.